Mikate Midogo ya Ndizi na Karanga

Somo letu la leo ni la jikoni. Labda mtu atauliza: "Kwa nini hospitali inatufundisha kuoka mikate? Sisi tulikuja kutafuta dawa." Ni ulizo jema, na jibu lake ni hili. Watoto wengi wanaoletwa hapa hawakuanza kuugua kwa sababu ya kukosa dawa. Walianza kuugua kwa sababu chakula chao kilijaza tumbo lakini hakikujenga mwili. Mganga anaweza kumponya mtoto. Lakini mtoto akirudi nyumbani na kukuta sahani ileile, ugonjwa nao utarudi.

Kwa hiyo tutajifunza kuoka mikate midogo mitamu kwa ndizi mbivu, karanga na mayai. Haitaki jiko la umeme wala tanuru ya matofali. Inataka mbabula, sufuria moja kubwa na moyo wa kufuata maagizo.

1. MTOTO ALIYESHIBA, LAKINI MGONJWA

Mama mmoja alimleta mtoto wake wa miaka miwili. Miguu ya mtoto ilikuwa imevimba. Muuguzi alipoibonyeza kwa kidole, kishimo kilibaki. Nywele zake zilikuwa nyepesi na rangi yake imepotea. Hakucheza, hakutabasamu, na alipopewa chakula aligeuza uso.

Mama akasema, "Sijui shida ni nini. Mtoto wangu anakula. Kila siku anashiba."

Muuguzi akamwuliza, "Anakula nini?"

"Asubuhi chai na biskuti. Mchana ugali wa muhogo na mchuzi kidogo. Jioni ugali tena."

"Nyumbani kwenu mna kuku?"

"Ndiyo, tuna kuku wanne."

"Na mayai yao?"

"Tunauza sokoni."

"Mnalima karanga?"

"Tunalima, lakini nazo tunauza. Ndipo tunapata feza ya sabuni, na ya kumnunulia mtoto biskuti."

Muuguzi hakumkemea mama yule, wala sisi tusimcheke. Alimpenda mtoto wake sana. Alitoka asubuhi na kichwa chake kikiwa kimebeba karanga na mayai, akarudi jioni na biskuti ndani ya karatasi nzuri. Aliuza chakula kizuri ili anunue chakula duni, na hakuna mtu aliyemweleza.

Ugonjwa wa mtoto yule katika Kivu unaitwa bwaki. Waganga wanauita kwashiakoo. Neno hili limetoka katika lugha ya Ga ya nchi ya Ghana, ambayo zamani iliitwa Gold Coast. Mganga mwanamke, jina lake Cicely Williams, alifanya kazi kule, akawasikiliza akina mama, na mwaka 1935 aliliandika neno lao katika gazeti la waganga. Akina mama walisema ya kuwa ni ugonjwa unaompata mtoto wakati mdogo wake anapokuja. Walikuwa wameona kweli. Mama akipata mimba nyingine, mtoto wa kwanza anaondolewa katika ziwa, anapewa uji mwepesi na ugali, na nguvu zake zinaanza kupungua.

Waganga wa leo wanajua ya kuwa bwaki haitoki katika jambo moja tu. Kuharisha, surua na malaria nazo zinamwangusha mtoto ambaye chakula chake kilikuwa duni. Lakini mtoto anayekula muhogo peke yake siku zote yumo hatarini, hata kama tumbo lake limejaa.

2. VYAKULA VYA NAMNA TATU

Mtu akitaka kujenga nyumba anatafuta matofali ya kujenga kuta. Anatafuta pia wafanya kazi wenye nguvu, na mabati ya kuilinda na mvua. Mwili nao unataka vitu vya namna tatu.

Kwanza, vyakula vya kujenga mwili. Ndiyo mayai, samaki, nyama, maziwa, maharagwe, soya na karanga. Ndani yake kuna kitu kinachoitwa proteini.

Pili, vyakula vya kutia nguvu. Ndiyo muhogo, mahindi, mchele, viazi, ndizi, sukari na mafuta.

Tatu, vyakula vya kulinda mwili. Ndiyo matunda na mboga, kama vile mapapai, machungwa, sombe na lengalenga. Mafuta mekundu ya mawese nayo yana kitu ambacho mwili unakigeuza kuwa vitamini A, inayolinda macho.

Nyumba yenye wafanya kazi wengi na bila matofali haijengwi. Hivyo mtoto mwenye ugali mwingi bila chakula cha kujenga hakui.

Sasa tufanye hesabu kidogo. Gramu 100 za unga wa muhogo zina proteini isiyofika gramu 2. Gramu 100 za karanga zina karibu gramu 25. Yai moja la kuku lina karibu gramu 6. Mtoto wa miaka miwili anahitaji karibu gramu 13 kwa siku moja. Ukifuata maagizo ya somo hili utapata mikate 12, na kila mkate utakuwa na karibu gramu 4. Ukiondoa karanga na mayai katika mikate hii, zitabaki karibu gramu 2 tu. Unaona, basi, utamu unatoka kwa ndizi, lakini faida kubwa inatoka kwa karanga na mayai. Usiviondoe vitu hivi viwili ili kupunguza gharama.

3. CHAGUA KARANGA KWA MACHO YAKO

Kabla ya kuwasha moto, mimina karanga juu ya ungo mahali penye mwanga. Zichague moja moja. Ondoa kila karanga yenye ukungu, iliyogeuka rangi, iliyokunjamana au yenye ladha chungu.

Neno hili si la usafi tu. Mwaka 1960 katika Uingereza bata mzinga zaidi ya 100,000 walikufa, na watu hawakujua sababu. Walipochunguza waliona ya kuwa ndege wale walilishwa unga wa karanga uliokuwa na ukungu. Ukungu ule unatoa sumu inayoitwa aflatoksini. Sumu hii inaharibu ini la mtu. Mtu akiila kidogo kidogo miaka mingi inaweza kumletea kansa ya ini, na zaidi sana ikiwa ana ugonjwa wa ini unaoitwa hepatiti B.

Angalia sana maneno haya mawili. La kwanza: kukaanga hakumalizi sumu hii. Ukungu unakufa kwa moto, lakini sumu yake inabaki. La pili: usiwape kuku au mbuzi karanga ulizotupa. Sumu inaweza kurudi kwako katika yai na katika maziwa. Zifukie mbali au zichome.

Njia ya kuzuia ukungu inaanza shambani. Ukivuna karanga, zikaushe upesi juani juu ya mkeka au turubai, si juu ya udongo. Zikikauka vema, ukizitikisa utasikia zinalia ndani ya maganda. Ziweke mahali pakavu, juu ya mbao, mbali na ukuta. Zimenye siku ile unapotaka kuzitumia.

4. VITU VINAVYOTAKIWA

Kikombe tunachosema hapa ni kikombe cha robo lita. Tumia kikombe kilekile toka mwanzo hata mwisho.

Unga wa ngano, kikombe 1.
Unga laini wa mahindi, nusu kikombe.
Karanga zilizokaangwa na kutwangwa, nusu kikombe.
Unga wa kuumusha keki, vijiko vidogo 2.
Chumvi yenye iyodi, robo ya kijiko kidogo.
Ndizi tamu zilizoiva sana, 3 kubwa au 5 ndogo.
Mayai 2.
Mafuta ya mawese au ya karanga, vijiko vikubwa 3.
Maziwa, robo kikombe. Kama hakuna maziwa, tumia maji yaliyochemshwa.
Sukari, vijiko vikubwa 2, au usitie kabisa.

Ndizi nzuri kwa kazi hii ni zile ambazo mwuzaji anataka kuzitupa, zenye ganda lenye madoa meusi. Ndizi inapoiva, wanga wake unageuka kuwa sukari. Kwa hiyo ndizi iliyoiva sana ni tamu yenyewe na haihitaji sukari nyingi. Lakini ndizi yenye harufu ya pombe au yenye ukungu usiitumie.

Unga wa ngano usiuache, kwa maana ndio unaoshika hewa na kufanya mkate uinuke. Mahindi peke yake yatafanya mkate unaomeguka kama mchanga.

Ukikosa unga wa kuumusha keki, lakini una magadi soda na maziwa yaliyoganda, yale tunayoyaita mashanza, tumia hivyo. Tia nusu ya kijiko kidogo cha magadi soda pamoja na unga, na mahali pa maziwa tia nusu kikombe cha mashanza. Uchachu wa maziwa unakutana na soda, hewa inatoka, na mkate unainuka.

Ukitaka kujua kama yai ni zima, liweke ndani ya maji. Yai zima linalala chini. Yai linaloelea juu ni la zamani, usilitumie. Vunja kila yai katika kikombe peke yake kwanza, ili yai moja baya lisiharibu kazi yote.

5. KUTENGENEZA TANURU YA SUFURIA

Chukua sufuria kubwa nzito yenye kifuniko cha bati kilicho sawa. Ndani yake weka mchanga mkavu, safi, kimo cha vidole viwili. Juu ya mchanga panga mawe matatu madogo, na juu ya mawe weka sahani ya bati. Mikate itakaa juu ya sahani, isiguse chini ya sufuria.

Washa makala katika mbabula. Makala yakiwa mekundu na moshi umekwisha, yagawanye mafungu matatu. Fungu moja libaki chini ya sufuria. Mafungu mawili uyaweke juu ya kifuniko. Watu wengi wanafanya kinyume, kisha wanashangaa kuona mikate imeungua chini na kubaki mibichi juu. Moto wa chini unapanda wenyewe. Moto wa juu haushuki upesi. Kwa hiyo moto wa juu uwe mwingi zaidi.

Acha sufuria ipate moto kwa dakika 15. Kisha nyunyiza unga kidogo juu ya kipande cha bati na ukiweke ndani. Baada ya dakika 5 utazame. Unga ukibaki mweupe, moto haujatosha. Ukiwa na rangi ya udongo mwekundu, moto ni mzuri. Ukiwa mweusi, ondoa makala machache.

Fanya kazi hii nje au barazani. Makala yanatoa hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi. Watu waliofunga mlango na madirisha na kulala karibu na mbabula hawakuamka asubuhi. Wala usimwache mtoto mdogo acheze karibu na sufuria, kwa maana kifuniko chake chenye makala ni hatari kuliko jiko lenyewe.

6. NJIA YA KUOKA

(1) Nawa mikono kwa sabuni. Osha vyombo vyote.

(2) Tayarisha makopo mafupi 12, kila moja linaloingiza karibu nusu kikombe. Yasiwe na kutu wala rangi ya kupakwa, na kingo zake zisikate vidole. Pitisha majani ya mgomba juu ya moto mpaka yawe laini, yapanguse, uyakate, na uyatandike ndani ya makopo. Majani yanazuia mkate kushikamana, tena yanautia harufu nzuri.

(3) Kaanga karanga kwa moto mdogo mpaka ngozi itoke. Zipepete, kisha zitwange mpaka ziwe kama unga wenye chembe ndogo. Usiache karanga nzima wala vipande vikubwa. Mtoto aliye chini ya miaka mitano anaweza kupaliwa na karanga, nayo ikaingia katika njia ya pumzi.

(4) Katika bakuli la kwanza changanya vitu vikavu: unga wa ngano, unga wa mahindi, karanga, unga wa kuumusha, chumvi na sukari.

(5) Katika bakuli la pili ponda ndizi kwa uma mpaka ziwe laini. Tia mayai na uyapige. Tia mafuta na maziwa. Kama mafuta ya mawese yameganda, yapashe moto kidogo tu. Usiyachome mpaka yawe meupe, kwa maana wekundu ule ndio wenye faida.

(6) Mimina vitu vya maji juu ya vitu vikavu. Geuza kwa mwiko mara 15 au 20, kisha uache. Unga ukiwa na mabonge madogo si neno. Ukiukoroga sana kama ugali, mikate itakuwa migumu na mizito.

(7) Tia unga katika makopo, zaidi kidogo ya nusu. Usijaze, maana utainuka.

(8) Panga makopo ndani ya sufuria upesi na ufunike. Oka dakika 20 hata 25. Usifunue kabla ya dakika 15.

(9) Choma mkate mmoja kwa kijiti safi. Kijiti kikitoka kikavu, mikate imeiva. Kikitoka na unga, funika tena kwa dakika 5.

(10) Toa makopo, uyaache dakika 5, kisha utoe mikate na kuiweka juu ya ungo ipoe.

Sufuria yako ikiingiza makopo sita tu, fanya hivi: gawanya vitu vikavu nusu kwa nusu, na vitu vya maji vilevile. Changanya sehemu ya kwanza na kuoka. Sehemu ya pili usiichanganye mpaka ya kwanza imetoka. Unga wa kuumusha unaanza kazi mara tu unapokutana na maji. Ukikaa nusu saa unangoja nafasi, nguvu yake itakwisha, na mikate ya pili itakuwa bapa.

7. MAKOSA NILIYOYAFANYA MIMI

Mimi ninayeandika somo hili nilijifunza kwa kukosa. Mara ya kwanza sikutia mchanga katika sufuria, na mikate yote iliungua chini ikawa kama makala. Mara ya pili nilifunua kila dakika mbili kwa hamu ya kuona, moto ukatoka, na mikate ikaanguka katikati. Mara ya tatu nilitumia ndizi ambazo hazijaiva vema, halafu nikatia sukari nyingi ili kusahihisha. Mikate ilikuwa mitamu sana, lakini hiyo haikuwa tena mikate ya afya, ilikuwa peremende.

Mara ya nne ilikuwa mizuri, na watoto waliimaliza kabla haijapoa. Kwa hiyo usikate tamaa kwa sababu ya sufuria moja iliyoungua.

8. KAMA HUNA NDIZI AU KARANGA

Si kila mahali pana vitu vilevile. Mahali pa ndizi unaweza kutia papai bivu lililopondwa, au boga lililochemshwa na kukamuliwa maji, au viazi vitamu vyenye nyama ya rangi ya machungwa. Tia kikombe kimoja na robo. Vitu hivi vitatu vina faida kwa macho kama mafuta ya mawese. Papai lina maji mengi. Kwa hiyo usitie maziwa mpaka uone kama unga unayahitaji.

Mahali pa karanga unaweza kutia mbegu za maboga zilizokaangwa na kutwangwa. Soya nayo ni nzuri sana, lakini usiitumie mbichi. Soya mbichi ina kitu kinachozuia tumbo lisiweze kutumia proteini yake. Ikaange vema mpaka iive ndani, ndipo uisage.

Wengine watauliza habari ya unga wa muhogo. Unaweza kutia unga wa muhogo mahali pa ule wa mahindi, lakini uwe wa muhogo uliolowekwa siku zake zote na kukaushwa vema. Muhogo mchungu usiolowekwa vema una sumu, na sumu hiyo inaweza kulemaza miguu ya watu, hasa wakati wa njaa, watu wanapofupisha siku za kuloweka.

9. NANI AILE, NA NANI AJIHADHARI

Mtoto aliye chini ya miezi sita asile mikate hii. Chakula chake ni maziwa ya mama peke yake.

Mtoto wa miezi sita mpaka mwaka mmoja anaweza kupewa nusu ya mkate, uliopondwa katika maziwa au maji safi yaliyochemshwa mpaka uwe kama uji. Mama aendelee kumnyonyesha. Kunyonyesha mpaka miaka miwili au zaidi ni vema.

Mtoto wa mwaka mmoja mpaka mitano apewe mkate mmoja au miwili kwa siku, katikati ya vyakula vingine. Mkate huu hauchukui mahali pa maharagwe, mboga na samaki. Unachukua mahali pa biskuti.

Mama mwenye mimba na mama anayenyonyesha nao wale. Katika sehemu nyingine wazee waliwakataza wanawake na watoto wasile mayai. Tunawaheshimu wazee wetu, lakini tumeona ya kuwa yai lililoiva halimdhuru mama wala mtoto. Linawajenga.

Mwenye ugonjwa wa sukari asile mingi kwa sababu imeitwa mikate ya afya. Ndizi na unga vinapandisha sukari katika damu. Ale mmoja mdogo usiotiwa sukari, na amwulize mganga wake.

Watu wachache wana mwili unaokataa karanga au mayai. Mara ya kwanza mpe mtoto kidogo tu na umwangalie. Midomo ikivimba, ngozi ikitoka mabaka ya kuwasha, au pumzi ikiwa ngumu, mpeleke hospitalini mara moja, na usimpe tena.

Na neno kubwa kuliko yote ni hili. Mtoto ambaye miguu yake imekwisha kuvimba, au amekonda mpaka mifupa inaonekana, au hataki kula, usijaribu kumponya kwa mikate nyumbani. Mwili wake umekuwa dhaifu hata chakula kizito kinaweza kumdhuru. Mlete leo, usingoje siku ya soko. Hospitalini ataanzishwa kwa maziwa yaliyotengenezwa maalum, kidogo kidogo. Baadaye atapewa chakula laini kilicho katika pakiti, ambacho waganga wamekitumia katika nchi nyingi tangu kilipotengenezwa mwaka 1996. Je, mnajua kitu kikubwa kilicho ndani yake? Ni karanga, pamoja na maziwa ya unga, mafuta, sukari na vitamini. Karanga ile tunayoiuza ili tununue biskuti inarudi kwetu hospitalini kama dawa.

10. KUIWEKA NA KUIUZA

Mikate hii inakaa siku mbili katika chombo safi chenye kifuniko, mahali pa baridi. Siku ya tatu itazame kwanza. Ikiwa na ukungu, usikwangue na kula. Itupe yote, kwa maana mizizi ya ukungu imeingia ndani mahali ambapo macho hayaoni.

Akina mama wengine wataona ya kuwa mikate inaweza kuuzwa penye shule au sokoni. Si vibaya. Feza nayo inahitajika. Lakini fanya agano na nafsi yako kabla ya kwenda sokoni: tenga kwanza ya watoto wako, kisha uuze inayobaki. Mama aliyeuza yote na kurudi na biskuti amerudi pale tulipoanza somo letu.

11. NENO KWA AKINA BABA

Baba, usifikiri ya kuwa somo hili ni la wanawake tu. Mara nyingi wewe ndiwe unayeamua nini kiuzwe na nini kibaki nyumbani. Mama akisema, "Mayai haya sita tusiyauze juma hili," usikasirike. Tena katika nyumba nyingine baba anapewa kipande kikubwa cha nyama na yai, na watoto wanapewa mchuzi. Mwili wako umekwisha kujengwa. Wao bado wanajenga. Mpe mtoto sehemu yake kwanza.

Unaweza kusaidia kwa mikono yako pia. Jengea kuku kibanda ili mayai yasiibiwe na wanyama. Tengeneza kichanja cha kukaushia karanga. Tafuta mchanga safi wa sufuria. Kazi hizi hazimpunguzii mwanamume heshima.

12. MWISHO WA HABARI

Yule mtoto wa miaka miwili alikaa hospitalini majuma kadhaa. Uvimbe ulikwisha. Siku moja mama yake alimkuta akicheka na mtoto mwingine, naye alilia kwa furaha. Kabla ya kurudi nyumbani alijifunza kuoka, pamoja na akina mama wengine, katika jiko la wagonjwa. Alipouliza atapata wapi feza ya kununua vitu hivi, muuguzi alimwambia, "Karanga unazo. Kuku unao. Ndizi ziko nyuma ya nyumba. Utanunua unga wa ngano na wa kuumusha tu. Usinunue biskuti tena, na feza itatosha."

Wapendwa, tunamshukuru Mungu kwa chakula kabla ya kula. Ni vema. Tumshukuru pia kwa kukitumia vizuri, na kwa kuwapa watoto wetu kile kilicho bora katika mashamba yetu, kabla ya kukipeleka sokoni.

MAULIZO

1. Kwa nini mtoto anaweza kushiba kila siku na bado akaugua bwaki?
2. Taja vyakula vya namna tatu, na mifano miwili ya kila namna.
3. Katika mikate hii, ni vitu gani viwili visivyofaa kuondolewa? Kwa sababu gani?
4. Je, kukaanga karanga zenye ukungu kunaondoa sumu yake?
5. Kwa nini makala ya juu yawe mengi kuliko ya chini?
6. Kwa nini tunatwanga karanga kabla ya kuwapa watoto wadogo?
7. Kwa nini hatukorogi unga kwa muda mrefu?
8. Mtoto mwenye miguu iliyovimba afanyiwe nini?
9. Nyumbani kwako ni chakula gani kizuri kinachouzwa kabla ya watoto kukila? Zungumzeni habari hii jioni ya leo, baba na mama pamoja.